Nachora mji usiowezekana lakini unatoka fujo tu, nisaidieni

mchoraji_langoni

Asalaam aleikum jamaa zangu. Mimi niko Lamu, Langoni, na huu ni mwaka wa 2 nachora hadithi ya picha kuhusu mji wa kubuni nimeuita Pindoni. Ni mji wa mawe kama Mkomani, mtaa wetu wa zamani hapa Lamu, vichochoro vya kupishana bega kwa bega, madaka ya kukaa wazee, punda wamebeba mchanga, yaani vyote mnavyovijua, ila mji wenyewe umepinda. Ukitoka nyumbani ukakata kulia mara 4 hutarudi ulipotoka. Kuna ngazi unapanda unapanda mpaka unajikuta kwenye kidato kile kile cha kwanza. Kuna wikio, kile chumba cha juu ya kichochoro kinachounga nyumba mbili, ukipita chini yake uko mtaa huu, ukipita juu, ndani kwa ndani, unatokea mtaa mwengine ambao kwa haki haufai kuwa pale.

Shida ndo hii. Nilimpa binamu yangu kurasa 40 asome, akanirudishia akasema michoro mizuri ila haimshtui, "manake hapo kwako lolote laweza kutokea". Hilo neno limenikaa moyoni wiki nzima kwa sababu ni kweli, kila ukurasa nimeongeza kioja kipya na kila kioja kinamaliza nguvu ya kile cha nyuma.

Nilichokuwa nakitafuta ni kitu nilikihisi nikiwa mdogo nyumbani kwa bibi. Nyumba yake ilikuwa ya zamani, ukikaa kiwandani, yaani uwani, ukatazama ndani unaona msana wa kwanza, ule ukumbi mrefu mwembamba, halafu wa pili uko juu kidogo kwa kidato kimoja, halafu ndani kabisa ukuta wa zidaka, vile vishubaka vya ukutani, na zile zidaka za pembeni zilikuwa nyembamba kuliko za katikati. Basi ule ukuta nikiutazama naona uko mbali, mbali kama ng'ambo kisiwani Manda, nikienda naufikia kwa hatua chache tu. Nilikuwa naenda narudi, naenda narudi, bibi ananiuliza we mtoto umepoteza nini. Hiyo hali ya nyumba kukudanganya bila kukutisha ndo naitaka kwa mji mzima. Je kuna kanuni yoyote ya kujenga mahali pasipowezekana lakini msomaji apaamini? Wanaojua ujenzi, hisabati, chochote, naomba mnisaidie.

fundi_chokaa

Waaleikum salaam mwanangu. Mimi si mtu wa hadithi za picha lakini nyumba za mawe nimezijenga na kuzikarabati zaidi ya miaka 30, nitakwambia ninalolijua.

Kwanza, katika nyumba zote nilizozishika Mkomani sijaiona hata moja ina kona 4 za skwea. Ukuta unafuata ndia, ndia ilifuata kiwanja cha jirani, jirani alifuata wa kwake. Na vyumba ni vyembamba na virefu si kwa kupenda, ni boriti. Mkoko hautoi mti wa urefu unaoutaka wewe, mita 3 ukiipata ushukuru, kwa hiyo upana wa chumba umeamuliwa na msitu kabla fundi hajafika. Mui wako ukiwa na kumbi za kuruka farasi zenye dari la boriti, mtu wa hapa ashajua ni uongo na si ule uongo unaoutaka wewe.

Pili hiyo ngazi. Naiona kwa macho lakini siiamini, kwa sababu anayepanda hachoki. Magoti hayadanganyiki. Kama anapanda siku nzima hafiki yuu basi mchore ameketi kidatoni anashika goti.

La tatu ndilo kubwa. Sisi kona ya msingi tunaipata kwa kamba. Unapima 3 upande huu, 4 upande ule, halafu mshazari lazima uwe 5. Ikiwa 5 kona iko skwea, ikipungua au ikizidi unasogeza kigingi. Sasa wewe lete fundi mgeni Pindoni, mtu mzima anayejua kazi, akabidhiwe kiwanja. Aweke skwea ya chuma kwenye kona, skwea iseme sawa. Apime 3, apime 4. Halafu kamba ya 5 isifike. Arudie. Isifike tena. Vyombo viwili vya kweli vinabishana mkononi mwake na hakuna hata kimoja kibovu. Mimi hapo ningeshtuka kuliko ngazi zako zote.

mwalimu_wa_malindi

Nimesoma jibu la mzee hapo juu mara mbili, manake bila kujua (au labda anajua) ametaja mlango wenyewe wa jiometri iliyopinda. Mimi nafundisha hesabu sekondari huku Malindi na hili somo nalipenda mno, kwa hiyo nivumilieni nikiandika refu.

Mchoraji, wewe umechanganya vitu viwili tofauti kwenye mji mmoja. Ngazi yako ya kupanda bila kufika ni umbo lisilowezekana. Mswidi Oscar Reutersvärd alichora pembetatu ya aina hiyo mwaka 1934, halafu 1958 Mwingereza Lionel Penrose na mwanawe Roger wakachapisha pembetatu na ngazi pia. Siri yake ni kwamba kila kona ukiifunika nyingine kwa mkono iko halali kabisa, seremala anaweza kukutengenezea. Kosa halikai kwenye kona yoyote, linatokea pale unapozijumlisha. Kule Perth, Australia, wamesimamisha pembetatu kama hiyo barabarani tangu 1999, ni vyuma vilivyoachana, haijafunga, lakini ukisimama mahali maalum jicho linaifunga. Kwa hiyo ngazi hiyo inaishi machoni tu. Mtu hawezi kukaa ndani yake, na ndo maana magoti ya mzee yameikataa.

Nyumba ya bibi yako nayo ni jambo jengine tena. Roma kuna ujia uliojengwa na msanifu majengo Borromini kwenye Palazzo Spada karne ya 17, urefu wake kama mita 9 tu lakini nguzo zinapungua kimo na sakafu inapanda, ukitazama unaapa ni mita 35. Ni kazi ile ile ya msana kupanda kidato na zidaka kupungua pembeni. Hapo nafasi ni ya kawaida, imepangwa ikudanganye.

Lakini kukata kulia mara 4 usirudi ulipotoka, hicho ni kitu kinawezekana kweli kihesabu, hakina ulaghai wowote. Nafasi yenyewe imepinda. Lobachevsky wa Urusi alichapisha jiometri hiyo 1829, Bolyai wa Hungaria 1832, kila mmoja kivyake. Ile sheria ya Euclid, Mgiriki wa kale, kwamba ukiwa na mstari na nukta nje yake, kupitia nukta hiyo unachora mstari mmoja tu ulio sambamba nao, wao wakasema hapana, iko mingi. Na hakuna mgongano wowote uliotokea, hesabu yote inakaa sawa.

Sasa nikupe namba, maana mimi bila namba siridhiki. Chukua kipimo cha pima, ile ya mikono miwili kunyooshwa, kama mita 1.83. Mji wako tuupe mpindo wa pima 10, yaani ndo nusu kipenyo cha mpindo wake. Nimekaa na kikokotoo jana usiku.

Fundi anapima 3 na 4, kona ya skwea. Mshazari hautoki 5, unatoka 5.047. Kamba inapungua kama upana wa vidole vinne. Chumba cha pima 1 na nusu kwa pima 4, kama vyumba vya mzee, mshazari unazidi sentimita 2 na nusu tu. Nani ataona? Lakini toka nje. Tembea pima 30 moja kwa moja, kata kona ya skwea, tembea 40. Sisi huku njia ya mkato ni 50. Pindoni ni 63! Umezunguka kwa 70, mkato umekuokolea pima 7 tu. Na hiyo pembetatu ukijumlisha pembe zake hupati digrii 180, unapata kama 98.

Chukua kichochoro chenye upana wa pima 1 mdomoni, kuta mbili zimenyooka kabisa, zote skwea na barabara kuu. Ukifika pima 30 ndani upana umekuwa karibu pima 10. Hakuna ukuta uliopinda. Ukitaka kichochoro kibaki chembamba ndo lazima upinde ukuta mmoja.

Na hili ndo linanifurahisha kuliko yote: msikiti uko katikati, watu wajenge duara la umbali wa pima 30 kutoka msikitini. Huku kwetu duara hilo lina mzunguko wa pima 188. Pindoni lina pima 629. Yaani watu wengi ajabu wanakaa karibu na msikiti na hawasongamani. Halafu ukitaka kwenda kwa rafiki yako upande mwengine wa duara njia fupi inakupitisha karibu na katikati, na ni hivyo kwa karibu kila mtu. Kwa hiyo mji huo watu watakuwa wanakutana msikitini saa zote, sio kwa sababu ya adabu tu, ardhi yenyewe inawapeleka.

Mzee fundi, na timazi zako mbili ukizining'iniza mbali mbali kidogo haziko sambamba kwa kweli, zote zinaelekea kati ya dunia. Daraja la Verrazzano kule New York, lililofunguliwa 1964, minara yake miwili imesimama wima kwa timazi na bado vileleni imeachana zaidi ya chini kwa inchi 1 na 5/8, kwa ajili ya duara la dunia.

mfumaji_shela

Dada yenu nimefika. Mwalimu hizo namba nimezielewa kwa mikono kabla ya kichwa, kwa sababu hiyo jiometri inafumwa kwa kroshia. Yuko mwanahisabati Daina Taimina aliyekuwa chuo kikuu cha Cornell Marekani, 1997 alitengeneza umbo hilo kwa uzi kwa sababu yale ya karatasi yalikuwa yanachanika chanika.

Kaka mchoraji fanya hivi, au mpe dada yako akufumie. Anza na vitanzi 20. Kila safu, ukifuma 5 ongeza kimoja, 5 ongeza kimoja, usibadilishe hata mara moja. Mimi nilipomaliza safu ya 10 nilikuwa nimepita vitanzi 110, na ile pindo haikubali tena kulala juu ya meza, inajikunjakunja kama mwani ukiwa majini. Hakuna mahali nilipoharibu. Kila kitanzi kiko sawa na mwenzake, ukiweka kidole popote utaona kitambaa cha kawaida.

Halafu kikunje. Mkunjo ni mstari ulionyooka, ushone na uzi mwekundu. Tafuta nukta nje ya huo mstari, kunja tena kupitia hapo, mara 2, mara 3, kila mkunjo na rangi yake. Yote imenyooka, yote imepita nukta moja, na hakuna hata mmoja unaogusa ule mwekundu. Niliposhona wa tatu nilikaa nao mapajani mpaka chai ikapoa.

Na kuna jambo moja nalifikiria sana tangu siku hiyo. Yapo matumbawe yanayokua hivi hivi, kwa kuongeza na kuongeza kwenye ukingo mpaka yanajikunja. Na nyumba zetu ni mawe ya matumbawe, chokaa yenyewe imechomwa kwa matumbawe. Pindoni ukiniuliza mimi ni mji ambao jiwe limekumbuka namna lilivyokua baharini. Usinicheke kaka, mimi naliona hivyo.

hadithi_za_bahari

Sijui jamaa, mnanitia wasiwasi. Mji wa ajabu ukishaupimia kwa kikokotoo si ajabu tena. Bibi zetu wakitusimulia majini hakuna aliyeshika kamba wala rula na usiku hatukulala. Mimi ningesema achore anavyoota.

mfumaji_shela

Ndugu yangu nakuheshimu lakini hebu likumbuke hilo jini la bibi zetu. Mwanamke mzuri, kajitanda buibui, ananukia udi, anaongea vizuri, unamsindikiza unaongea nae. Kila kitu cha binadamu. Unatazama chini, kwato za punda. Angekuja na vichwa saba na mbawa na mkia usingekaa karibu nae hata dakika moja, na hadithi ingeishia hapo. Binamu yake mchoraji analalamikia vichwa saba.

hadithi_za_bahari

Dada hapo umenishika. Kwato nimezielewa. Ila bado namwomba asituwekee hesabu ndani ya kurasa, abaki nayo yeye.

kodi_usiku

Natengeneza magemu hapa Malindi, nimewahi kujenga ramani za namna hii, naongeza mambo mawili ya kivitendo.

Usichore ramani ya mji mzima kutoka juu, karatasi yako ni bapa itakulazimisha udanganye. Tengeneza daftari la milango. Kila chumba kina kuta 4 na kila ukuta umeandikwa unatokea chumba gani, basi. Halafu weka sheria moja: kuzunguka nguzo moja, pale kona za vyumba zinapokutana, unapita vyumba vingapi. Kawaida ni 4. Ukiweka 5, umepata mji wa mwalimu, kona zote zinaonekana skwea lakini unakata kulia mara 5 ndo unarudi ulipoanzia. Ukiweka 3 mji unajifunga kama boksi, una vyumba 6 tu basi, unakwenda moja kwa moja unapita vyumba 4 umerudi kwako kwa mlango wa nyuma. Hiyo ya 3 nzuri kwa nyumba ya kutisha, mtu hatoki. Ya 5 ni mji wa kupotea, kila hatua inazaa mitaa zaidi. Chagua moja usichanganye, mimi nilichanganya kwenye gemu langu la kwanza na wachezaji wakadhani programu ina hitilafu.

La pili, kama unataka kioja kimoja tu kikubwa karibu na mwisho: uchochoro wenye msokoto wa Möbius, kama utepe uliosokotwa nusu mzunguko ukaungwa ncha kwa ncha. Mtu anaingia na punda, gunia liko ubavu wa kushoto. Anazunguka anarudi kwao, gunia liko kulia, na maandishi yaliyochongwa juu ya mlango wa nyumba yake anayaona yamegeuka. Ila mlango haujageuka, aliyegeuka ni yeye. Majirani wanamuona anakula kwa mkono wa kushoto na yeye anaapa ni wa kulia. Na dawa yake ni moja tu, azunguke tena.

mchoraji_langoni

Nimekaa kimya siku 9 kwa sababu nilikuwa nafanya kazi. Shukrani kubwa kwenu nyote, sikutegemea mtu anifumie na mwengine anikokotolee usiku.

Nimetupa kurasa 31. Ngazi imekwenda, wikio limebaki manake linaingia kwenye daftari la milango bila matatizo. Nimechagua 5. Hesabu sijaiweka ukurasa wowote, ndugu hadithi_za_bahari tulia, lakini kila umbali nimeuandika nyuma ya karatasi kwa penseli. Ile ya mkono wa kushoto nimeiweka akiba, naiona ni ya kitabu cha pili, nikiiweka hapa itakula kila kitu.

Sasa hadithi inaanza na fundi mgeni anashuka jahazini na kapu la vyombo. Anapewa chumba cha kukarabati, anapima mshazari, umezidi sentimita 2 na nusu, anadhani fundi wa kabla yake alikosea, anapiga chokaa juu yake na inameza. Kurasa 6 hakuna kioja hata kimoja, anafanya kazi na anakula wali na kuhadithiana na watu wa darajani. Halafu anapewa kiwanja nje. Ukurasa wa 7 ni kamba. Nimeuchora mkubwa, karatasi nzima, mikono yake tu, fundo la 5 na kigingi, na kati yao nafasi ya vidole vinne. Nimempa binamu yangu asome bila kumwambia lolote. Alifika ukurasa huo akasimama, akarudi ule wa chumba, akatazama tena ukuta wenye chokaa. Hakusema neno. Nimeuweka huo ukurasa hapo chini muuone, ami fundi hasa wewe nataka kauli yako.

fundi_chokaa

Nimeuona. Mikono umeipata, na kigingi kimeinama nde kidogo kama inavyotakiwa. Lakini kamba umeichora imelegea katikati. Ikilegea mtu atasema ndo mana haikufika, angeivuta ingefika. Ivute mwanangu, ivute mpaka ikate kidole.